Mgongo wa Mlima

Jumatatu, 4 Machi

Nani mwenye akili timamu anaagiza mlima wa magazeti mvua zikianza? Mkurugenzi wetu. Ameniita ofisini asubuhi, maji yanachuruzika kwenye vioo vya dirisha, akaniambia kwa furaha kabisa kwamba makumbusho yatafungua maonyesho mapya mwishoni mwa Mei. Yataitwa "Mlima Kupitia Enzi", na mimi, fundi wake wa modeli, nitautengeneza mlima wetu usimame katika ukumbi mkubwa. Fremu ya mbao, juu yake wavu wa banda la kuku, halafu magazeti yaliyolowekwa kwenye gundi, tabaka juu ya tabaka, halafu plasta, halafu rangi. Kila tabaka sharti likauke kabla ya lingine. Nikamuuliza litakaushwa na nini, na pumzi zetu? Akacheka. Akicheka ni mtu wa kupendeza sana.

Nimekubali. Nimefurahi mpaka nimeona aibu. Miaka yote hii nimekuwa nikitengeneza vyungu vya plasta na meno ya mamba. Sasa nimepewa mlima.

Jumatano, 6 Machi

Mama mkwe amehamia kwetu. Paa la nyumba yake limevuja hadi kitandani. Mume wangu ameniambia ni wiki mbili tu, huku amebeba kabati zima la nguo. Macho ya Mama yamepungua nguvu siku hizi, anaona vivuli na rangi basi, lakini vumbi la juu ya jokofu alilipata kwa kidole kabla hata hajaketi.

Alhamisi, 7 Machi

Mvua.

Jumatatu, 11 Machi

Mkurugenzi amenipa maandishi yatakayowekwa ukutani ili nijue modeli inahusu nini. Ameyaandika mwenyewe, na anaandika vizuri, hilo simnyimi. Kuna Enzi ya Hofu, watu wa kale walipoamini kileleni wanakaa miungu, wakawa wanauinamia mlima kutoka mbali. Kuna Enzi ya Wapimaji, waliokuja na darubini na kamba za kupimia. Kuna Enzi ya Washindi, waliofika juu wakapiga picha. Mwisho kuna Enzi ya Wageni, yaani hoteli.

Nimesoma Enzi ya Hofu mara mbili. "Kwa karne nyingi hakuna aliyethubutu kuukaribia." Sasa kuni walikuwa wanatoa wapi? Na majani ya kuezekea? Na maji je, yanatoka wapi haya tunayokunywa? Nimemwambia seremala, tunayefanya naye kazi karakana moja. Akasema, "Dada, ukiandika Enzi ya Kuni nani atalipa kiingilio?"

Ijumaa, 15 Machi

Mchoro umefika. Modeli itaegemea ukuta wa mashariki, ambapo mchoraji ameshaanza kupaka anga na mawingu, ili mtu akiingia aone mlima jinsi unavyoonekana kutoka mjini. Kwa hiyo sitatengeneza upande wa nyuma. Nimepumua. Kazi imepungua nusu. Hapa kwetu kila kitu kina upande mmoja hata hivyo. Chui wetu aliyekaushwa ana jicho moja tu, la pili halikuwekwa kwa sababu lingeelekea ukutani.

Jumapili, 17 Machi

Leo nimekaa mezani nyumbani nikifinyanga modeli ndogo ya udongo, ya majaribio, niisome kabla ya kuanza ile kubwa. Mama akalalamika nachafua meza ya kulia chakula. Akaja kuifuta, mkono wake ukatua kwenye udongo. Akapitisha vidole kileleni, kwenye bega la kushoto, kwenye ile nundu ya kulia inayoonekana kutoka sokoni. Nikafurahi, maana aliutambua. Halafu mkono ukazunguka nyuma ukakuta bapa.

"Mlima gani huu hauna mgongo?"

"Utaegemea ukuta, Mama. Nyuma hakutaonekana."

Aliacha mkono pale pale kwenye bapa.

"Na sisi tulikaa wapi?"

Nikamuuliza nyinyi kina nani, lini. Akasema chai imepoa, akaenda zake chumbani. Nilipomuuliza mume wangu, akasema kwamba enzi za vurugu, askari walipokuwa wakichoma nyumba za bondeni, Mama na watu wao walikimbilia nyuma ya mlima. Alikuwa msichana mdogo. Ndiyo hayo tu anayoyajua. Mtu mzima, mwalimu wa watu, ana mama aliyeishi porini akiwindwa, na hajawahi kumuuliza swali hata moja! Anasema, "Mama haongei mambo hayo." Nikamwambia, haongei au hamsikilizi? Tumelala tumenuniana.

Jumatatu, 18 Machi

Mvua. Nimeshindwa kuuangalia mchoro bila kuona lile bapa.

Jumatano, 20 Machi

Nimeingia ofisini kwa Mkurugenzi nikiwa na maneno yangu nimeyapanga vizuri. Nikamwomba tuusogeze mlima kutoka ukutani, tuutengeneze mzima, watu wauzunguke. Nikamweleza watu waliokimbilia kule nyuma. Nikasema hiyo nayo ni enzi. Mlima ulikuwa nyumba, ulikuwa mlango uliofungwa nyuma yao, na kama tunaonyesha maana ya mlima kwa watu, basi hakuna maana kubwa kuliko kuokoa roho.

Alinisikiliza. Hata kalamu aliweka chini. Halafu akasema, kwa ule upole wake, "Dada yangu, nakuelewa. Lakini upande wa nyuma hauna umuhimu wa kihistoria."

Nikamuuliza anayepima umuhimu ni nani.

"Vyanzo," akasema. "Wapimaji waliacha ramani. Washindi waliacha picha. Hawa wako waliacha nini?"

"Waliacha watoto. Mmoja ndiye mume wangu."

Akatabasamu kana kwamba nimefanya mzaha. Akasema anga limeshapakwa, wenye hoteli waliofadhili ukumbi wameshaona mchoro na wameupenda, na tusichanganye maonyesho na malalamiko. Malalamiko! Nilitoka mle ndani. Mtu aliyekuwa anajificha asionekane anaulizwa kwa nini hakupiga picha. Ulitaka awashe moto, Mkurugenzi, awaite wapimaji waje wamchore? Haya yote yamenijia nikiwa kwenye ngazi, kama kawaida yangu. Ofisini nilisema "sawa".

Nimerudi karakana nimepiga teke ndoo ya gundi. Seremala aliifuta bila kuuliza neno, na hiyo nayo imeniudhi.

Ijumaa, 22 Machi

Seremala amemaliza fremu. Nimeingia asubuhi nikakuta ameijenga nzima, mbele na nyuma, mzunguko kamili. Nikamwonyesha mchoro. Akaukunjua, akaugeuza, akakuna kichwa. "Mimi nusu mlima sijui kuukata, dada. Ukisimama nusu utaanguka uue mtoto wa watu." Hautaanguka, na anajua hautaanguka. Sikumwambia asante, maana angekana.

Alhamisi, 28 Machi

Magazeti ya tabaka la kwanza. Hayajakauka.

Jumamosi, 30 Machi

Hayajakauka. Tumewasha majiko mawili ya mkaa, karakana nzima ikanuka samli iliyoungua, sijui kwa nini. Wiki mbili za Mama zimepita na hakuna anayezitaja. Leo amenifundisha kwamba ninakosea kukamua nguo. Nina umri wa kuwa bibi wa mtu.

Jumanne, 2 Aprili

Ukungu wa kijani umeota kwenye bega la kushoto. Nimekwangua, nimeanza upya. Mkurugenzi amepita, ameangalia fremu nzima, akauliza mbona iko hivi. Seremala akamjibu kwamba ni kwa ajili ya usalama. Neno hilo huwa linamtosha.

Jumapili, 7 Aprili

Nimeamua kuutengeneza upande wa nyuma, ukae ukutani au usikae. Ukifichwa utafichwa ukiwa upo. Shida ni kwamba ramani yenyewe kule nyuma ni nyeupe, wapimaji walifika kwenye ukingo wakachoka. Nimebaki na Mama tu, na Mama ni mtihani. Jumatatu alisema chemchemi ilikuwa kushoto kwa mwamba. Jana kulia. Leo anasema hakukuwa na chemchemi, walikinga maji ya mvua. Nikimwambia jana ulisema vingine, ananijibu, "Basi wewe ulikuwepo, nieleze mimi." Nimechoka naye. Nagombana na mkurugenzi kwa ajili yake, na yeye ananizungusha kama mtoto.

Jumatatu, 8 Aprili

Mvua. Haijakauka.

Alhamisi, 11 Aprili

Mume wangu ameenda kazini, shule hazijafungwa. Mimi nimebaki, nina homa kidogo. Mama amenichemshia maji ya tangawizi, akakaa na mimi jikoni. Mvua ilipiga bati mpaka tukawa tunasemezana kwa sauti. Ule udongo wangu wa majaribio ulikuwa mezani, chini ya kitambaa kibichi. Sikumuuliza chochote, sikuwa na nguvu. Yeye ndiye aliyeondoa kitambaa.

Akaanza kuujazia mgongo. Alimega udongo kwenye bakuli akauongeza pale kwenye bapa, akibonyeza kwa gumba, bila haraka, kama anayekanda unga. Aliongea huku akibonyeza. Walikuwa wengi mwanzoni, wakapungua. Walikaa chini ya miamba msimu mzima wa mvua. Moto uliwashwa siku za ukungu tu, ili moshi usijulikane. Watoto walifundishwa kukohoa wakiwa wamejifunika nguo. Mama yake aliwaambia mlima umewageuzia mgongo watu wa mjini ili uwafiche wao kifuani, na wao wakaamini, wakawa wanausalimia asubuhi.

Alikuwa na mdogo wake wa kiume. Alishikwa na kifua, kikamzidi. Hakujifunika vizuri, akapigwa kofi kwa sababu ya kukohoa, na Mama huyu huyu ndiye aliyempiga, ndivyo alivyoambiwa afanye. Akafa kabla mvua hazijaisha.

"Tulimweka hapa," akasema. Gumba likazama kwenye udongo, chini ya mwamba alioutengeneza. Akakiacha kidole pale kitambo. Kisha akapasawazisha, pakawa laini kama pengine popote, akafunika kitambaa.

Nilikuwa nimemwita mtihani, hapa hapa kwenye kurasa hizi. Naliacha neno hilo lilivyo, nilione.

Akasema kabla ya kuinuka, "Sijawahi kurudi. Na sasa macho yenyewe haya. Angalau mkono."

Basi nimejua ninachokifanyia kazi. Mama ataweka mkono pale.

Ijumaa, 12 Aprili

Nimemweleza mume wangu. Alikaa kwenye ukingo wa kitanda amevaa soksi moja. "Ana mdogo wake?" akauliza. Alisema hivyo tu, mara mbili. Nilikuwa nimejiandaa kumfokea, nikashindwa.

Alhamisi, 18 Aprili

Plasta upande wa mbele. Imekauka kwa juu, ndani mbichi.

Jumanne, 23 Aprili

Mkurugenzi ametundika maandishi ya ukutani. Chini ya picha ya Washindi ameongeza sentensi: "Upande wa nyuma wa mlima haukuwahi kukaliwa na watu na hauna umuhimu wa kihistoria." Hakuwa nayo mwanzo. Ameiweka baada ya mimi kwenda kuongea naye! Yaani nilimpelekea habari ya watu walioishi kule, akaitumia kuandika kwamba hawakuishi. Nimesimama mbele ya ule ubao mpaka mlinzi akaniuliza kama ninaumwa. Nilimwona mtu huyu ni mpole. Upole wake ni kama ule wa godoro, unalipiga ngumi inazama, na ukiondoka linarudi lilivyokuwa.

Alhamisi, 2 Mei

Jana sikukuu, leo msiba wa mtu mwingine. Ukuta wa mashariki umeingiza maji. Nimefika nimemkuta mchoraji amekaa sakafuni, anga lake lote linashuka ukutani kwa michirizi ya bluu, mawingu yamefika kwenye swichi za umeme. Mungu anisamehe, nilifurahi. Nilimhurumia mchoraji, lakini nilifurahi.

Mkurugenzi akaja na viatu vya ofisini akasimama kwenye dimbwi. Fundi wa majengo akamwambia kwamba ukuta huo hautakauka kabla ya Juni, na chochote kitakachoegemezwa pale kitaoza.

"Basi mlima ukae katikati," Mkurugenzi akasema. Halafu akanigeukia, na kwa mara ya kwanza tangu nimfahamu sauti yake ilikuwa ndogo. "Lakini nyuma yake ni uwazi mtupu. Watu watauona uwazi. Unaweza kufanya kitu?"

Nikamwambia nitafanya, kwa sharti. Ile sentensi iondoke. Akasema tujadiliane. Nikachukua mkoba wangu. Akasema iondoke.

Jumamosi, 4 Mei

Kazi. Magazeti ya nyuma niliyaweka tangu Aprili kimyakimya, Mkurugenzi hana habari. Leo plasta.

Jumatano, 8 Mei

Mvua imepungua. Inakauka.

Jumatatu, 13 Mei

Sijawahi kufanya kazi nzuri kama hii, na sitaki mtu aniambie nijishushe. Nimechonga miamba, nimechonga mapango chini yake. Nimechora njia kwa rangi ya udongo mwekundu, kuanzia bondeni, inapanda kwenye korongo na kutokea nyuma ya bega. Mahali pa moto nimepatia weusi kidogo. Chini ya mwamba ule nimegandisha kijiwe cheupe. Kila anayeingia ukumbini atajua. Watu wa mjini watauona mgongo wa mlima wao walioupa jina, wakauchapa kwenye pesa na kwenye magunia ya saruji, bila kuuliza nyuma yake kuna nani. Na wasome, na waone aibu!

Jumamosi, 18 Mei

Nimeandika na kufuta mara kadhaa. Nina hasira, na sijui hata nimkasirikie nani.

Nilimpeleka Mama makumbusho leo, ukumbi ukiwa hauna watu, autangulie umati. Mume wangu alimshika mkono wa kushoto, mimi wa kulia. Nilimpitisha mbele haraka haraka, nilitaka afike nyuma. Nikamwekea mkono kwenye bega la mlima nikamwachia ateremke mwenyewe. Aliteremka. Alikuta pango, akaingiza vidole. Alikuta mahali pa moto. Halafu akasogeza uso karibu sana, kama anavyofanya akitaka kutambua rangi, akaiona njia nyekundu. Akaifuata kwa kidole, bondeni, korongoni, nyuma ya bega, mpaka kwenye kijiwe cheupe.

Mkono ukatoka hapo kama umeungua.

"Nani amekwambia uwaonyeshe njia?"

Nilidhani sikusikia vizuri. Nikasema, "Mama, ni ya kukumbuka. Ili watu wajue."

"Watu gani?"

"Wote. Watu wa mjini."

"Askari hawakuijua njia," akasema. "Askari walitoka mbali. Waliowaongoza ni watu wa hapa hapa. Wana watoto. Wana wajukuu. Watakuja na watoto wao wameshika puto, waangalie tulikojificha. Waseme, aa, kumbe ni hapa, tulipita karibu."

"Ni zamani, Mama," mume wangu akasema.

"Wewe nyamaza. Zamani ya nani?" Kisha akanielekea mimi. "Nilikupeleka kushoto, nikakupeleka kulia, usijue. Siku ile jikoni nikapasawazisha mbele yako. Ulidhani nasawazisha kwa nini?"

Nikafoka. Ndiyo, nilimfokea mama mkwe wangu katika ukumbi wa makumbusho, sauti ikaenda mpaka darini ikarudi. Nilimwambia nimegombana na dunia nzima kwa ajili yake. Nilimwambia wanasema hamkuwepo, unataka niwaache waseme hivyo? Akanijibu bila kupaza sauti.

"Walisema hivyo na siku ile. Walisimama pale juu kwenye ukingo, tukawasikia. Mmoja akasema, huku hakuna kitu, turudini. Ndiyo maana niko hai mpaka leo. Ulitaka waseme vipi?"

Turudi nyumbani, akasema, miguu inamuuma.

Jumapili, 19 Mei

Sikuenda popote. Jua limewaka siku nzima, la kwanza kwa wiki nyingi, na limeniudhi.

Nimewaza hivi. Mkurugenzi anataka wasionekane kwa sababu hawana umuhimu. Mama anataka wasionekane kwa sababu ni wake. Ukitazama kwa mbali hayo mawili yanafanana, na mimi nilitazama kwa mbali. Lakini pia naumia kwamba mwanamke mzee, katika mji anaoishi, baada ya miaka yote hii, bado anaona haja ya kumficha maiti wake. Hilo halinitoki. Aibu hiyo si yake hata chembe, na bado yeye ndiye anayeibeba.

Jumatatu, 20 Mei

Nimeikwangua njia kwa kisu. Nimeziba mapango kwa plasta, nimeyafuta majivu. Kijiwe kiligoma, nikakitoa kwa patasi, nikakitia mfukoni. Seremala alinikuta nimepiga magoti nyuma ya mlima, uso mweupe kwa vumbi. "Kazi nzuri yote hiyo?" akauliza. Nikamwambia mwenyewe amekataa. Akachukua brashi nyingine tukapaka msitu pamoja, kijani juu ya kijani.

Mkurugenzi akapita. Akauliza maandishi ya upande wa nyuma yasemeje, maana sasa kuna nafasi, na hata wenye hoteli wameanza kuvutiwa. Amekuwa na hamu ghafla. Nikamwambia ubao wa nyuma uachwe bila neno. Sidhani kama alielewa, lakini safari hii hakusema habari za vyanzo. Akauondoa ubao wenyewe.

Alhamisi, 23 Mei

Rangi imekauka. Mama ananisemesha tena. Amesema ninakosea kukunja shuka.

Jumamosi, 25 Mei

Ufunguzi. Hotuba tatu, zote ndefu, moja ya hoteli. Mkurugenzi aliongea juu ya miungu ya kileleni na ujasiri wa washindi, watu wakapiga makofi, wakapanga mstari mbele ya mlima kupiga picha, kila mmoja akinyoosha mkono uonekane kama umeshika kilele. Nilisimama kando na gauni langu la harusi za watu, nikiwahesabia makosa kimoyomoyo. Nilikuwa natafuta nyuso. Babu mmoja aliyekaa kwenye kiti, mwanamke mwenye mapacha, yule mwenye suti ya kijivu. Ni nani kati yenu ambaye babu yake aliujua ule ukingo? Walionekana watu wazuri tu, wote, na hilo ndilo lililonichoma.

Mama hakutaka kuja. Kisha akaja. Mume wangu alimleta kwa mlango wa pembeni, amevaa kitenge kipya, nikampokea nikamzungusha nyuma ya mlima, ambako hakukuwa na mtu. Nilimwekea mkono begani mwa mlima, kama siku ile, nikarudi nyuma hatua chache.

Aliteremka taratibu. Msitu, msitu, mwamba. Hakuna njia, hakuna pango, akawa anaitikia kwa kichwa. Halafu chini ya mwamba gumba lake likazama. Niliacha pale kishimo, upana wa kidole kimoja, nikakipaka kijani kile kile cha msitu unaokizunguka. Ukikitazama hukioni. Nilikikagua kwa taa, kwa jua, kutoka kila upande, mpaka nikawa na hakika hukioni.

Gumba likatulia mle. Mdomo wake ulikuwa unasogea, anaongea na mtu. Mume wangu akaja akasimama karibu naye, hakuuliza kitu, akaweka mkono wake juu ya mkono wa mama yake. Akauacha.

Ndipo yule mwanamke wa mapacha akatokea upande ule, kamera shingoni, akautazama mgongo wa mlima juu mpaka chini. Nilikunja ngumi ndani ya mifuko ya gauni.

"Huku nyuma hakuna kitu," akawaambia wanawe.

Mama akamgeukia, gumba likiwa bado mahali pake.

"Hakuna, mwanangu," akasema. "Nendeni mkaangalie kule mbele."